Kliniki ya sheria ya haki za uvuvi hapa Tanga: nimehudhuria, naipa nyota 4

Nyota 4 kati ya 5, na hiyo moja niliyoizuia nitaeleza huko chini kwanini, maana sio jambo dogo.

Ninachokipima hapa ni kliniki ya sheria ya bure kwa wavuvi na wachuuzi, imefanyika hapa Tanga kwenye ukumbi mmoja upande wa Raskazone, walioandaa ni mawakili wa kujitolea, na mada yao ilikuwa moja tu: bahari ni ya nani, na serikali ikitaka kumpa mtu haki ya kuvua inatakiwa igawe vipi kwa mujibu wa Katiba. Niseme mapema, hakuna posho wala bahasha ya nauli, kuna chai na mihogo basi, na bado watu walijaa mpaka wengine wakakaa kwenye ngazi za nje, wa Sahare, wa Mchukuuni, wa Tongoni, Kigombe, mpaka wa Moa walikuja. Kwaiyo anaesema wavuvi wanafata posho tu kwenye semina nadhani hajawahi kuwaitia kitu kinachowahusu.

Wakili mkuu ni dada bado kijana, kabla hajaanza akawapitia wazee shikamoo mmoja mmoja, wao wakamwita mwanangu mpaka mwisho, na ile peke yake ilifungua midomo ya watu. Nimekaa semina ambazo mtoa mada anaingia na projekta anaanza kusoma, hata jina la aliekaa mbele yake haulizi.

Sasa kilichonifanya nikae mpaka mwisho ni jinsi alivyoanza. Alianza na Ibara ya 9 ya Katiba yetu ya 1977, ile inayotaka shughuli za serikali ziendeshwe kwa namna ya kuhakikisha utajiri wa taifa unaendelezwa, unahifadhiwa na unatumiwa kwa manufaa ya wananchi wote kwa jumla, na pia kuzuia mtu kumnyonya mtu mwingine. Watu wakapiga makofi, si ndo hiyo tunayoitaka! Akasubiri makofi yakaisha, akasema sasa rudini nyuma Ibara ya 7, ibara ndogo ya 2, someni. Inasema masharti ya sehemu hiyo hayatatiliwa nguvu ya kisheria na mahakama yoyote. Yani Ibara ya 9 ni mwongozo kwa serikali, inatakiwa iufuate, ila wewe mvuvi huwezi kwenda nayo peke yake kwa jaji ukasema nimenyimwa manufaa yangu. Ukumbi ulitulia kabisa. Mimi nilimheshimu hapo hapo, maana ingekuwa rahisi sana kutuacha na yale makofi tukaenda nyumbani tumefurahi alafu siku ya siku tunaenda mahakamani tunarudishwa mlangoni.

Akasema za kwenda nazo mahakamani ziko mbele kidogo, Ibara ya 12 mpaka ya 29, na mlango wake ni Ibara ya 30 inayokupeleka Mahakama Kuu. Humo ndani kwa mvuvi akachagua chache akazikalia. Ibara ya 13, usawa mbele ya sheria na kukataza ubaguzi, na ndani yake kuna ibara ndogo ya 6 inayosema haki yako ikiamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote usikilizwe kikamilifu na uwe na haki ya kukata rufani au nafuu nyingine. Ibara ya 18, haki ya kupewa taarifa kuhusu mambo muhimu kwa maisha na shughuli za wananchi. Ibara ya 22, haki ya kufanya kazi. Alafu Ibara ya 27 ambayo watu wanaisahau, inasema kila mtu ana wajibu wa kulinda maliasili ya nchi na mali inayomilikiwa kwa pamoja na wananchi, kwaiyo ukienda ofisini kuuliza leseni fulani ilitoka vipi unatimiza wajibu wako wa kikatiba, hujaenda kutafuta ugomvi. Kuna nahodha alisema hiyo ataiandika ndani ya boti yake.

Na akaongeza kitu ambacho mtu asie mkweli angekificha. Kesi za haki hizi zinaenda kwa Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu Muhimu ya 1994, na mwaka 2020 ilibadilishwa, siku hizi lazima uape kiapo ueleze wewe binafsi umeathirika vipi. Mwanaharakati wa mjini ambae havui hawezi tena kukufungulia kesi kirahisi kwa jina lake. Inabidi mvuvi mwenyewe asimame. Akasema ndo maana nimekuja huku kwenu.

Alafu kuna kitu nlikuwa sijawahi kukifikiria. Watu walianza kulalamika kuhusu leseni za kawaida, hizi tunazolipia kila mwaka chini ya Sheria ya Uvuvi Na. 22 ya 2003 na Kanuni za 2009, akasema hizo kwa sasa tatizo lake kubwa sio mgawanyo, maana mvuvi mdogo akilipa na kutimiza masharti anapata, hakuna idadi iliyowekwa kwamba wakifika kadhaa basi. Swali la nani apate na nani akose linakuja pale ambapo kuna mlango na mlango ni mwembamba. Akatutajia milango. Meli za kamba zilizokuwa zinakokota nyavu upande wa Bagamoyo na Saadani mpaka zikasimamishwa 2007, zile leseni zake zilikuwa za kuhesabika na pwani ilikatwa kanda, na wavuvi wadogo wa kule walikuwa wanagombana nazo kila msimu kwa kuharibiwa nyavu. Bahari kuu huko nje mpaka maili 200, ambako leseni inatoka kwa Mamlaka ya Kusimamia Uvuvi wa Bahari Kuu, makao yake Fumba Zanzibar, kwa sheria ya 2020, na wanaovua wengi ni meli za nje za jodari. Maeneo yaliyofungwa, na hapa sisi tunajua maana Hifadhi ya Bahari ya Silikanti imetangazwa 2009 na inatuzunguka. Vijiji vinavyofunga miamba ya pweza kwa miezi kadhaa alafu vinafungua, siku ya kufungua nani anaingia kwanza? Na akasema siku idadi ya vyombo itakapowekewa ukomo, na samaki wakiendelea kupungua hivi itafika tu, ndo mtajua umuhimu wa hili darasa, maana atakaekuwa ameandikwa siku ile ndo ataekuwa mwenye bahari.

Hapo ndo akaingia Iceland, na kwangu mimi hii ndo ilikuwa sehemu bora ya siku nzima.

Iceland ni kisiwa cha Wazungu huko kaskazini, watu wake laki 4 hawafiki, na uchumi wao kwa mda mrefu umesimama kwenye samaki. Samaki walipoanza kupungua, mwaka 1984 wakaweka kwota, kila chombo kikapewa mgao wake kwa kuangalia kilivua kiasi gani miaka mitatu ya nyuma. Ulikuwa na boti kipindi kile, umepata, bure. Hukuwa nayo, umekosa. Alafu sheria ya 1990 kifungu chake cha kwanza kabisa kinasema samaki wa bahari ya Iceland ni mali ya pamoja ya taifa, na sheria hiyo hiyo ikaruhusu mwenye mgao auuze au aukodishe. Nahodha mmoja mzee wa Tongoni akanyanyua mkono, mwanangu, hapo walipouziana hela iliingia kwa nani? Akajibiwa, kwa yule aliepewa bure, mzee wangu. Yule mzee akakaa chini akanyamaza mda mrefu.

Kuna raia anaitwa Valdimar Jóhannesson aliomba wizarani apewe leseni, akanyimwa kwa kuwa hakuwa na chombo kile kipindi cha mwanzo, akaenda mahakamani, na Desemba 1998 Mahakama ya Juu ya kwao ikasema kumfungia mtu mlango milele kwa sababu hiyo kunavunja katiba yao, kipengele cha usawa cha 65 na kile cha uhuru wa kufanya kazi cha 75. Bunge likalegeza leseni ila kwota zikabaki kwa wale wale, kwaiyo una leseni huna samaki wa kuvua mpaka ununue au ukodi mgao. Mwaka 2000 kesi nyingine ikafika pale pale, safari hii mahakama ikasema mfumo wa kwota hauvunji katiba. Wavuvi wawili, Haraldsson na Sveinsson, wakavua bila mgao wazi wazi, wakashtakiwa wakatiwa hatiani, wakapeleka shauri Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa. Oktoba 2007 wengi kwenye kamati wakakubaliana nao. Hoja ya kamati naiandika kwa maneno yangu: kuweka kwota kwa ajili ya kuokoa samaki ni sawa, na kuanza na waliokuwa wanavua inaeleweka, ila mali ya umma ikigeuzwa ikawa mali ya kudumu ya wale wa kwanza, wakiacha kuvua wanaiuza badala ya kuirudisha serikalini ikagawiwe upya kwa vigezo vya haki, huo ni ubaguzi. 2009 serikali yao ikafungua uvuvi wa pwani wa kiangazi kwa boti ndogo, hauhitaji kununua kwota. 2012 wakapiga kura ya maoni kuhusu rasimu ya katiba mpya na wengi sana wakasema maliasili zisizo za mtu binafsi ziandikwe kwenye katiba kuwa mali ya taifa, ila ile katiba mpya haikupitishwa bungeni.

Nimeirefusha hii kwa makusudi. Sisi huku tunadhani shida ya haki za uvuvi ni rushwa tu, kwamba mtu akipitisha hela chini ya meza ndo dhuluma. Kule hakuna aliepitisha hela chini ya meza, ilikuwa sheria safi imeandikwa vizuri imepita bungeni, na bado watoto wa wavuvi waliokuja nyuma wakakuta bahari imeshachukuliwa. Tena wapokeaji ni wenye vyombo, mabaharia waliokuwa wanavuta nyavu kwenye vyombo hivyo hivyo hawakupewa kitu. Hebu fikiria mwambao wetu tajiri ana boti, chini yake watu kumi na kitu wanagawana mgao wao baada ya mafuta na barafu kukatwa, siku haki zikigawiwa kwa boti hao wote hawapo kwenye karatasi. Hili wakili aligusa tu akapita, mimi ningetaka alikalie.

Mchuuzi mmoja mama akauliza swali zuri sana: mbona kila siku pale mnadani samaki wanauzwa hadharani, kila mtu anaona nani kapandisha bei, nani kashinda, mbona leseni hizo chache nazo zisipigwe mnada tukajua moja? Akajibiwa kuwa uwazi wa mnada ndo wa kuuchukua, bei ndo ya kuiogopa. Ukiuza haki ya kuvua kwa mwenye hela nyingi, kila kitu kitakuwa wazi na bado mvuvi mwenye kidau chake hatapata hata siku moja. Kinachotakiwa kuwekwa hadharani ni tangazo kabla, vigezo kabla, majina ya walioomba, majina ya waliopata, na sababu kwa aliekosa, alafu vigezo vyenyewe viangalie nani anaishi kwa hii bahari. Mimi hili jibu nimelikubali moja kwa moja.

Ugomvi mkubwa wa siku ulikuwa wa dago. Kwa wasiojua, kuna wavuvi wanahama na msimu, wa Kojani Pemba hasa, wanakuja mwambao wetu wanapiga kambi miezi kadhaa wanavua alafu wanarudi kwao, na hii ni desturi ya zamani sana, babu zetu wamewapokea. Sasa jamaa mmoja wa BMU, yani kikundi cha kijiji cha kusimamia uvuvi na pwani yake, akasimama kasema kijijini kwao wameamua wa dago wasipewe tena kibali, wanakuja na ringi neti, zile nyavu za kuzungushia kundi zima la samaki, wanamaliza dagaa wanatuachia maji. Nusu ya ukumbi ikashangilia, nusu ikapiga kelele maana humo humo walikuwepo watu wenye wake Pemba na mashemeji Kojani. Wakili akaacha watu wabishane kidogo, alafu akamuuliza yule bwana, unawakataa kwa ajili ya nyavu zao au kwa ajili ya kwao? Kama ni nyavu, piga marufuku hizo nyavu kwenye kina hicho kwa kila mtu, na wa kijijini kwako wenye nyavu hizo hizo nao watoke. Yule bwana akajibu, wa kwetu wachache. Akamwambia basi kaka yangu unachokipima sio nyavu. Akamsomea Ibara ya 13 ibara ndogo ya 5, maana ya kubagua, na orodha yake ina utaifa, kabila, na maneno haya: pahala walipotokea. Wa Kojani ni raia wa Jamhuri hii, Ibara ya 17 inamruhusu kwenda popote kwenye nchi na kuishi popote. Kijiji kina haki ya kumtaka aripoti, alipe kama wengine, afuate maeneo yaliyofungwa, nyavu zake zikaguliwe. Kumkataa kwa kuwa ni mtu wa Pemba, hapana.

Mimi nilikuwa upande wa kijiji mpaka dakika ile na nimetoka na msimamo mwingine. Ukitaka serikali isikubague kwenye leseni kubwa huwezi kuwa unambagua mwenzio kwenye mwamba. Ila nakubali pia uchungu wa yule bwana ni wa kweli, mtu amelinda miamba yake, amefukuza wapiga baruti kwa miaka kwa hatari ya maisha yake, alafu anakuja mwingine anavuna. Hapo nadhani ndo pagumu kuliko pote, na darasa halikuwa na jibu kamili, lilisema tu kwamba kulinda kunaweza kuwa kigezo, mradi kiandikwe na kimhusu kila mtu aliechangia kulinda hata kama ni mgeni.

Hapo ndo mfano wa Afrika Kusini ukaingia vizuri. Wao katiba yao na sheria yao ya rasilimali za bahari ya 1998 inataka haki za kuvua kibiashara zigawiwe kwa kuangalia pia waliobaguliwa zamani. 2004 Mahakama ya Katiba iliamua kesi ya kampuni ya Bato Star, kampuni ya weusi iliyolalamika mgao wake wa samaki wa kina kirefu ni mdogo sana. Kampuni ilishindwa, na Jaji Kate O'Regan alieleza kwamba mahakama haitakaa kwenye kiti cha mtaalamu kugawa tani, kazi yake ni kuangalia uamuzi ulikuwa wa busara na ulizingatia yale sheria inayoyataka yazingatiwe. Nilipenda hili kwa sababu linakufundisha usiende mahakamani kusema nipeni mimi, unaenda kusema waamue upya kwa utaratibu. Baadae wavuvi wadogo wa kule walioachwa nje kabisa, maana mfumo ulijua makampuni tu, walienda Mahakama ya Usawa na 2007 wakapata nafuu ya mda, ikafuata sera ya wavuvi wadogo ya 2012 na sheria ikabadilishwa 2014. Na 2018 Mahakama ya Rufaa yao ikawafutia hatia kina David Gongqose, watu wa kijijini waliokamatwa wakivua ndani ya hifadhi ya Dwesa-Cwebe, kwa kutambua kuwa haki yao ya mila ya kuvua pale ilikuwepo kabla na sheria haikuifuta. Wa Kigombe na Mwarongo waliandika hiyo wote nawaona.

Namibia na Kenya wakapitishwa haraka. Namibia ile kashfa ya 2019 ya kwota za samaki, mawaziri wawili walijiuzulu na kukamatwa, na kule kwota zilikuwa zinatolewa kwa uamuzi wa waziri bila wananchi kuona vizuri nani kapewa na kwanini. Kenya ndo jirani, kutoka Jasini mpaka Vanga ni mwendo mfupi tu, na katiba yao ya 2010 Ibara ya 69 inaitaka serikali ihakikishe faida za maliasili zinagawiwa kwa haki, na Ibara ya 71 inataka mikataba ya kutoa haki ya kuvuna maliasili ipitishwe na bunge. Sisi tuna sheria zile mbili za 2017 za utajiri na maliasili za nchi, ziliongelewa sana wakati wa madini, wakili akasema someni vizuri, maliasili ndani yake sio dhahabu peke yake.

Sehemu ya vitendo. Kila mtu alipewa karatasi akaandika barua yake. Sheria ya Haki ya Kupata Habari ya 2016 inakupa haki ya kuomba taarifa kwenye ofisi ya umma na ofisi inatakiwa ijibu ndani ya siku 30. Mimi niliandika kuhusu jambo langu la zamani, ofisi moja siitaji ilinizungusha kwenye kibali cha chombo mpaka msimu wa kaskazi ukaisha, leo njoo kesho, mara afisa yupo safari, na hakuna alienipa karatasi ya kusema umekataliwa. Wakili alivyoisikiliza akaniambia kosa lao la kwanza ndo hilo, bila karatasi huna cha kukatia rufaa, kwaiyo barua yako ya kwanza isiombe kibali, iombe uamuzi kwa maandishi na sababu zake. Na akatutahadharisha kwamba ukitaka Mahakama Kuu ipitie uamuzi wa ofisi ya serikali una miezi 6 ya kuomba kibali toka uamuzi utoke, na Mahakama Kuu tunayo hapa hapa Tanga hakuna haja ya kupanda basi la Dar. Hizi ni taarifa ambazo ukienda kwa wakili wa kulipia unatoa hela ndefu.

Sasa ile nyota moja.

Walipanga darasa siku za mbalamwezi, na walijisifia kwenye utambulisho kwamba wamezingatia wavuvi wa dagaa, maana wa taa hawatoki mwezi ukiwa mpevu. Vizuri. Ila mwezi mpevu ndo bamvua, yani bahari inajaa na kukupwa kuliko siku nyingine, na bamvua hapa kwetu maji yanakauka saa nne asubuhi hivi, saa hizo hizo darasa linaanza. Wanawake wa pweza na chaza na wanaotanda vidagaa kwa nguo wote walikuwa miambani na kwenye fungu, maana siku zao za kazi ni hizo chache kwenye mwezi. Walikuja wengine saa nane wana matope miguuni na ndoo mkononi, wamekuta Katiba imeshaelezwa, Iceland imeshaelezwa, wamekuta barua tu. Wale waliokuwepo asubuhi ni wachuuzi na wakaanga samaki, tena wachache. Darasa zima linafundisha kwamba mgawanyo wa haki ni mpaka kila anaehusika apate nafasi ya kusikilizwa, alafu ratiba yenyewe imeuliza wanaume wa boti peke yao wako huru lini. Nililisema pale pale na dada wakili alilipokea vizuri sana, hakujitetea, aliandika. Lakini mtu wa pweza aliepitwa amepitwa.

Na wangewauliza tu. Dada yeyote wa Kigombe angewaambia anzeni saa tisa.

Jingine dogo, makaratasi ya kugawa yalikuwa kwa kiingereza karibu yote. Katiba ipo kwa kiswahili, kwanini mtupe vipande vya kiingereza? Kesi za nje naelewa, ila ziandikieni muhtasari wa ukurasa mmoja kwa kiswahili mtu akabandike kwenye banda la BMU. Na mifano ya bahari kuu ilikuwa mingi kidogo kuliko ya humu ndani ya miamba, sisi wenye dau na mashua za mshipi jodari wa maili 100 tunamsikia tu.

Na namna ya kualika. Majina ya washiriki yalipitia kwa wenyeviti, kwaiyo kuna vijiji vilileta mwenyekiti, katibu, mweka hazina na shemeji ya mwenyekiti. Siwalaumu mawakili sana, wao hawajui watu, ila awamu ijayo watangaze pwani pale samaki wanapoteremka, na mtu ajiandikishe mwenyewe kwa simu.

Wamesema wanaofuata ni Pangani, Kipumbwi na vijiji vya jirani, alafu wakipata uwezo watashuka mpaka Saadani na Bagamoyo. Ukienda beba nakala ya leseni yako na usajili wa chombo, risiti za miaka ya nyuma kama unazo, na barua yoyote uliyowahi kujibiwa na ofisi hata kama ni ya kukataliwa, hiyo ndo wanaitaka zaidi. Kama wewe ni baharia huna karatasi hata moja nenda hivo hivo, wanakusaidia kuandika maelezo yako na tarehe. Kina mama wa pweza pigeni simu mapema muulize saa, na wakisema asubuhi ya bamvua waambieni wabadilishe, wataelewa.